Kaluta Amri Abedi: Malenga wa Ujiji aliyeitika wito wa dini kwa mashairi

MWANAFUNZI wa kidato cha tatu anayeishi Jericho, Kaloleni au Umoja, na ambaye jioni huhesabu mizani kwa vidole akijiandaa kwa mtihani wa fasihi, pengine hajawahi kulisikia jina la Sheikh Kaluta Amri Abedi.

Hata hivyo, kila anapotaja kina cha kati na kina cha mwisho, kila anapopima kama mshororo umetosheleza mizani 16, na kila anapokisaka kituo cha ubeti, mwanafunzi huyo anapita katika njia iliyofyekwa na marehemu huyo zaidi ya miaka 70 iliyopita.

Kitabu kilichoifyeka njia hiyo kilitoka papa hapa Nairobi. Mwaka wa 1954, kampuni ya Eagle Press, iliyokuwa chini ya shirika la East African Literature Bureau, ilichapisha Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri. Mwandishi wake alikuwa kijana wa miaka 30. Hakuwa mwalimu wa chuo kikuu wala mzaliwa wa Lamu au Mombasa. Alikuwa mhubiri wa dini kutoka Ujiji, kwenye ufuo wa Ziwa Tanganyika.

Ni vigumu kumweleza mtu huyu kwa neno moja. Alikuwa sheikh, malenga, mwanasiasa, meya na waziri, na hayo yote aliyatimiza kabla ya kufariki akiwa na umri wa miaka 40 pekee. Lakini ukiyafuatilia maisha yake kwa makini utaona kwamba wito wa dini ndio uliotangulia, na mengine yakafuata.

MTOTO WA BARA

Amri Abedi alizaliwa Ujiji mwaka wa 1924. Mji huo unajulikana duniani kwa sababu ndipo Henry Morton Stanley alipomkuta David Livingstone mwaka wa 1871. Kwa wenyeji, sifa yake ni nyingine kabisa. Ujiji ulikuwa kituo kikubwa cha misafara ya biashara iliyotoka pwani kuelekea Kongo, na misafara hiyo ndiyo iliyopeleka huko dini ya Kiislamu, kanzu, nyumba za mtindo wa pwani na lugha ya Kiswahili.

Basi watu wa Ujiji, wengi wao wakiwa na asili ya Kimanyema kutoka ng'ambo ya ziwa, walikuwa wakizungumza Kiswahili na kukiimba muda mrefu kabla reli kutoka Dar es Salaam haijafika Kigoma mwaka wa 1914. Ni jambo la kuzingatiwa na wale wanaodhani kwamba lugha hii ina wenyewe pwani tu, na kwamba mtu wa bara ni mgeni anayekaribishwa ukumbini.

Wakazi wa Pumwani na Majengo wanaielewa hali hiyo bila kuelezwa. Mtaa wao ulianza kujengwa miaka michache baada ya Vita Vikuu vya Kwanza, ukawapokea watu kutoka pwani, Tanganyika, Uganda na kwingineko. Hapo Kiswahili kilipata watoto ambao hawajawahi kuiona bahari. Amri Abedi alikuwa mtoto wa aina hiyo hiyo.

Kijana huyo alipata elimu yake katika Shule ya Serikali ya Tabora, shule ambayo hapo awali ililenga wana wa machifu na ambayo Julius Nyerere pia aliisomea. Kusoma Tabora siku hizo kulikuwa tiketi ya maisha. Serikali ya kikoloni ilihitaji makarani, wakalimani na walimu, na aliyehitimu hapo alijua kwamba mshahara na heshima vilikuwa vikimsubiri.

Lakini mjini Tabora kulikuwa na jambo jingine lililomvuta.

WITO ULIOMTENGA NA WENGI

Mwaka wa 1934 mhubiri kutoka India, Sheikh Mubarak Ahmad, alikuwa amewasili Afrika Mashariki akiiwakilisha Jumuiya ya Waislamu wa Ahmadiyya. Jumuiya hiyo ilianzishwa India mwaka wa 1889 na Mirza Ghulam Ahmad, ambaye wafuasi wake wanaamini kuwa ndiye Masihi na Mahdi aliyeahidiwa. Waislamu walio wengi, wa Sunni na wa Shia, waliikataa imani hiyo tangu mwanzo, na mpaka leo wanaikataa.

Makao ya misheni hiyo katika Afrika Mashariki yalikuwa Nairobi, na ndiko lilikotoka gazeti lake la Kiswahili, Mapenzi ya Mungu. Huko Tabora nako kulijengwa msikiti, na mabishano kati ya Waahmadiyya na masheikh wengine yakawa makali. Kwa kijana wa Kiislamu wa mji ule, kujiunga na kundi hilo kulikuwa sawa na kujitafutia ubishi na jamaa, majirani na hata wale waliokuwa wakiswali pamoja naye safu moja.

Amri Abedi aliyaona hayo yote, akajiunga. Baadaye akachukua hatua kubwa zaidi. Aliamua kuyatoa maisha yake kwa kazi ya uhubiri, kazi isiyo na cheo serikalini na yenye maadui wengi kuliko marafiki.

Msomaji anaweza kukubaliana au kutokubaliana na imani aliyoichagua. Jambo ambalo hakuna anayeweza kulipinga ni kwamba uamuzi huo ulikuwa na gharama, na kwamba hakuugeuza hadi alipoingia kaburini.

Miaka ile Waahmadiyya walikuwa na kazi moja kubwa mkononi, nayo ni tafsiri ya Kurani Tukufu kwa Kiswahili. Ikumbukwe kwamba tafsiri iliyotangulia ilikuwa imechapishwa mwaka wa 1923 na Godfrey Dale, kasisi wa Kianglikana wa misheni ya UMCA huko Zanzibar. Sheikh Mubarak Ahmad aliongoza tafsiri mpya, na Amri Abedi akawa miongoni mwa waliomsaidia. Ilichapishwa Nairobi mwaka wa 1953.

Tafsiri hiyo ilizua mjadala mkubwa. Sheikh Abdullah Saleh al-Farsy, mwanazuoni wa Zanzibar aliyekuja kuwa Kadhi Mkuu wa Kenya, aliipinga vikali, na mwaka wa 1969 tafsiri yake kamili ya Kurani ikatolewa na Islamic Foundation, papa hapa Nairobi. Tafsiri ya al-Farsy ndiyo iliyokubaliwa na Waislamu wengi. Pamoja na tofauti zao zote, pande hizo mbili ziliafikiana kwa vitendo katika jambo moja: kwamba Kiswahili kina uwezo wa kulibeba neno zito kuliko yote ambayo Mwislamu huyajua.

Ni katika kazi ya aina hiyo ambapo mtu hujifunza kupima maneno. Mfasiri wa kitabu kitakatifu hawezi kulitupa neno ovyo. Hulipima, hulirudia na huliuliza maana yake ya asili. Si ajabu kwamba mwaka mmoja tu baada ya tafsiri hiyo kutoka, Amri Abedi alikitoa kitabu chake kuhusu kanuni za utungaji.

SHERIA ZA MALENGA

Kabla ya mwaka wa 1954 washairi wa Kiswahili hawakukosa sheria. Tangu enzi za Utendi wa Tambuka, Al-Inkishafi na utenzi wa Mwana Kupona, na tangu Muyaka bin Haji alipovuma Mombasa katika karne ya 19, mtunzi alijua lini shairi limekaa sawa na lini limepinda. Lakini maarifa hayo yalikaa vichwani na masikioni. Mtoto aliyapata kwa baba yake, mwanafunzi kwa mwalimu wake. Asiyezaliwa katika nyumba ya malenga alibaki akibahatisha.

Kwa upande mwingine, idadi ya waliotaka kutunga ilikuwa ikiongezeka. Gazeti la Mambo Leo, lililoanza Tanganyika mwaka wa 1923, lilikuwa likichapisha mashairi ya watu wa kila pembe. Shaaban Robert alikuwa tayari jina kubwa. Makarani, walimu, mapolisi na wakulima walikuwa wakituma beti zao, wengine wakizipatia na wengine wakizikosea.

Amri Abedi alizikusanya kanuni hizo, akaziandika kwa lugha rahisi na kuziweka mahali ambapo kila anayejua kusoma angeweza kuzipata. Alieleza vina ni nini na kwa nini havibadiliki ovyo. Alieleza mizani, yaani hesabu ya silabi, na jinsi mshororo wa shairi la kawaida unavyogawika vipande viwili vya mizani nane nane. Alifafanua beti, kituo na uteuzi wa maneno, kisha akaambatisha diwani ya mashairi yake ili msomaji aone sheria hizo zikifanya kazi.

Hakuwa na simile katika jambo hilo. Kwake, maneno yasiyo na vina wala mizani hayakustahili kuitwa shairi. Vilevile alishikilia kwamba shairi hutungwa liimbwe, na kwamba lisiloimbika lina kasoro hata likiwa na hekima tele.

Mtu anaweza kuuliza mhubiri alikuwa na haja gani na hesabu za silabi. Jibu limo katika maisha yake yenyewe. Huyu ni mtu aliyeswali mara tano kwa siku kwa saa maalumu, aliyefunga mwezi mzima kila mwaka, na aliyeamini kwamba nafsi isiyo na nidhamu haifiki popote. Kwa mtu kama huyo sheria ilimfunza mtu kusimama wima, na hakuona sababu ya mshairi kuikwepa ilhali muumini haikwepi.

Katikati ya miaka ya 1950 alikwenda Rabwah, Pakistan, kuliko kuwa makao makuu ya Ahmadiyya wakati huo, kuongeza elimu ya dini. Alirejea Tanganyika akiwa mhubiri kamili, na akaikuta nchi ikiwa motoni kwa siasa.

KUTOKA MIMBARI HADI BARAZA LA MAWAZIRI

Chama cha TANU, kilichoundwa Julai 7, 1954, kilikuwa kikiwakusanya watu wa kila kabila na dini. Amri Abedi aliingia humo, na kipaji chake cha kuzungumza, kilichonolewa katika mijadala ya dini, kikawa silaha ya kisiasa.

Mwaka wa 1960 alikuwa Mwafrika wa kwanza kushika wadhifa wa Meya wa Dar es Salaam. Tulifikirie jambo hilo kidogo. Dar es Salaam ilikuwa mji wenye Waislamu wengi wa Sunni, ambao masheikh wao waliyakataa mafundisho aliyoyahubiri. Hata hivyo, joho la umeya lilimwangukia yeye. Siasa ya wakati huo ilikuwa imewafundisha watu kuuliza kwanza mtu anaweza kuifanyia nchi nini, kisha ndipo waulize anaswali msikiti gani.

Baada ya uhuru wa Desemba 9, 1961, Nyerere aliendelea kumkabidhi majukumu. Mwaka wa 1963 alimteua kuwa Waziri wa Sheria. Wapenzi wa ushairi hawakukosa kuliona hilo: aliyeandika sheria za mashairi sasa alikuwa amekabidhiwa sheria za nchi.

Kazi haikuwa ndogo. Wakoloni walikuwa wameacha mahakama za aina mbili, moja ya Waafrika waliohukumiwa kwa mila, na nyingine iliyofuata sheria za Kiingereza. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka wa 1963 iliunganisha mfumo huo, ili Mwafrika, Mhindi na Mzungu wasimame mbele ya mahakama za aina moja.

Mwaka wa 1964 alihamishiwa Wizara ya Maendeleo ya Jamii na Utamaduni wa Taifa. Huenda hakuna wizara iliyomfaa zaidi. Nchi iliyokuwa ikijitafutia sura yake ilikuwa imemweka malenga kuusimamia utamaduni wake. Lakini muda wake ulikuwa umekwisha. Oktoba mwaka huo huo aliaga dunia mjini Bonn, Ujerumani Magharibi. Taifa jipya la Tanzania, lililozaliwa Aprili 26 kwa muungano wa Tanganyika na Zanzibar, lilikuwa bado halijatimiza hata mwaka mmoja.

RAFIKI WA DINI NYINGINE

Kuna jambo moja ambalo husahaulika sana wanapozungumziwa washairi wa kizazi hicho. Mmoja wa walioandika historia ya maisha ya Amri Abedi alikuwa Mathias Mnyampala, Mgogo wa Dodoma aliyezaliwa mwaka wa 1917 na aliyekuwa Mkatoliki.

Mnyampala mwenyewe alikuwa na wito wake. Aliichukua bahari ya utenzi, iliyolelewa kwa karne kadhaa katika nyumba za Waislamu wa pwani, akaitumia kusimulia Injili katika Utenzi wa Enjili Takatifu uliotoka mwaka wa 1963. Miaka miwili baadaye akafanya hivyo kwa Zaburi. Baadaye aliongoza chama cha washairi, UKUTA, na ndiye anayekumbukwa kwa kuikuza ngonjera hadi ikaingia mashuleni. Alifariki mwaka wa 1969.

Mwahmadiyya wa Ujiji na Mkatoliki wa Dodoma walitofautiana kuhusu Yesu, kuhusu Mtume na kuhusu njia ya wokovu. Hizi si tofauti ndogo, na hakuna kati yao aliyejifanya kana kwamba ni ndogo. Lakini walizitii kanuni zilezile za vina na mizani, na hapo wakaelewana. Katika mitaa ambayo msikiti na kanisa vinapakana, na ambako nyakati za uchaguzi watu hukumbushana asili zao kwa ubaya, mfano wa wawili hao hauna budi kutajwa.

MZOZO ALIOUACHA

Itakuwa kosa kumsifu marehemu huyu kana kwamba hakupata wa kumpinga. Miaka kumi tu baada ya kifo chake, mwaka wa 1974, Euphrase Kezilahabi alichapisha Kichomi, diwani iliyoviacha vina na mizani kwa makusudi. Mugyabuso Mulokozi na Kulikoyela Kahigi nao walijitokeza kuitetea njia hiyo mpya. Wanajadi waliwajibu kwa ukali, wengi wao wakikishika mkononi kitabu cha Amri Abedi kama hakimu ashikavyo kitabu cha sheria.

Hoja ya wanamapinduzi ilikuwa na uzito. Walisema kanuni zikigeuka pingu, mtunzi hujali silabi kuliko ukweli, na matokeo yake ni beti zilizonyooka lakini zisizo na uhai. Yeyote aliyewahi kusoma mashairi ya magazetini anajua kwamba lawama hiyo haikutoka hewani.

Hata hivyo, kanuni si lazima ziue sauti. Abdilatif Abdalla wa Mombasa alifungwa na serikali ya Kenya kuanzia mwaka wa 1969 hadi 1972 kwa sababu ya maandishi yake ya kisiasa. Akiwa gerezani alitunga kwa siri, akiandika kwenye karatasi za chooni, mashairi yaliyokuja kuchapishwa mwaka wa 1973 kwa jina la Sauti ya Dhiki. Yalifuata vina na mizani, na bado uchungu wake unamfikia msomaji wa leo.

Leo mtaala wa Kenya umezipokea pande zote mbili, na mtahiniwa wa KCSE anatarajiwa kulichambua shairi la arudhi na shairi huru pia.

Na kuna upande wa tatu ambao Amri Abedi hakuuona. Mwaka wa 1997 kundi la Kalamashaka kutoka Dandora lilitoa wimbo wa Tafsiri Hii, na Nairobi nzima ikawasikia vijana wa Eastlands wakighani kwa Kiswahili na Sheng juu ya maisha yao. Tangu hapo, kutoka Kariobangi hadi Kayole, vijana wamekuwa wakipanga vina kwenye ngazi za majumba na ndani ya matatu.

Wapo walimu wanaoudharau utunzi huo kwa sababu ya lugha yake. Tukizirejelea kanuni za Sheikh lakini, tutaona kwamba vijana hao wanalisikiliza neno lake zaidi ya wanavyojua. Wanatafuta vina, wanapima pumzi ya mshororo, na hawatungi kitu kisichoimbika. Kuhusu Sheng pengine angewakemea kwa ukali uleule aliokuwa nao kwa maneno yasiyo na mizani. Kuhusu sikio, asingekuwa na neno.

JINA LILILOBAKI

Mashabiki wa kandanda wanaosafiri hadi Arusha hulikuta jina lake kwenye uwanja wa michezo wa Sheikh Amri Abeid. Wengi hushangilia humo bila kujua jina hilo ni la nani. Kitabu chake chembamba nacho kimegeuka mali ya watafiti na ya walimu wachache waliokihifadhi tangu enzi za ujana wao.

Hilo si haki kwa mtu aliyefanya kazi kama yake. Kabla yake, siri za ushairi zilikuwa urithi wa nyumba chache. Yeye, mtoto wa bara aliyeziheshimu siri hizo kuliko wengi waliozirithi, alizifungua na kuzigawa kwa kila mtu. Alifanya hivyo kwa sababu zile zile zilizomfanya asaidie kuitafsiri Kurani: aliamini kwamba neno jema halipaswi kufungiwa mahali ambapo wachache tu wanaweza kulifikia.

Walimu wa Kiswahili katika shule za Eastlands wangefanya jambo la maana kama, kabla ya kuanza somo la mizani, wangetenga dakika tano kuwaeleza wanafunzi wao kuhusu sheikh huyo wa Ujiji. Mwanafunzi anayehesabu silabi kwa vidole angejua kwamba aliyeziandika kanuni hizo hakuzaliwa karibu na bahari zaidi yake.